Bills hawana laana! (Na utabiri wangu wakikutana tena na Chiefs)

Leo sina umbea wa hosteli wala malalamiko ya boom. Nimechafukwa na jambo moja tu, na nikishaliandika nitalala vizuri.

Mnajua hapa kampasi tupo wachache tulioshikwa na ugonjwa wa mpira wa Kimarekani, ule wa kofia na mabega makubwa. Kila Januari tunakesha, maana mtanange wa jioni kule kwao huku kwetu unaanza saa nane na nusu usiku, na mwingine alfajiri kabisa. Sasa kila ikitajwa mechi ya mtoano kati ya Buffalo Bills na Kansas City Chiefs, uchambuzi unachukua dakika mbili. Mmoja anasema, "Bills wana laana." Mwingine anadakia, "Laana wapi, Chiefs wanabebwa na marefa." Basi, imeisha hiyo. Watu wanarudi kwenye chipsi zao wakiamini wameshachambua mechi. Jamani!

Msimamo wangu ni huu na sirudi nyuma: Bills hawana laana na Chiefs hawana mbeleko. Mechi zile zina dakika, zina maamuzi, na maamuzi yana wenyewe. Anayesema laana anawafutia deni watu wanaolipwa mamilioni ya dola ili waamue vizuri.

Kwa wale wasiojua mchezo, nitaeleza haraka haraka. Timu yenye mpira ina majaribio 4 ya kusogea yadi 10. Ikifanikiwa inapata mengine 4. Ikivuka mstari wa mwisho na mpira inapata tachidauni, pointi 6, halafu inachagua: teke jepesi la pointi 1 au jaribio gumu la pointi 2. Ikikwama njiani inaweza kupiga teke katikati ya milingoti kwa pointi 3. Anayeongoza yote hayo uwanjani ni kwotabeki. Wa Bills ni Josh Allen, wa Chiefs ni Patrick Mahomes. Kazi kwenu, twende.

Kwanza tuimalize hii habari ya laana. Wanaoihubiri wanaanzia miaka ya tisini: Bills walipoteza fainali nne za Super Bowl mfululizo, Januari 1991, 1992, 1993 na 1994. Ya kwanza walifungwa 20-19 na New York Giants, baada ya mpigaji wao Scott Norwood kukosa teke la yadi 47 zikiwa zimebaki sekunde chache. Inauma, nakubali. Lakini mshkaji wangu, hebu jiulize, hakuna timu nyingine katika historia iliyocheza Super Bowl nne mfululizo. Timu iliyorogwa inafikaje huko mara nne? Tena Januari 1993 walikuwa nyuma 35-3 dhidi ya Houston Oilers, na kwotabeki wao wa kwanza alikuwa majeruhi. Wakashinda 41-38 katika muda wa nyongeza. Huyo mchawi siku hiyo alikuwa likizo?

Na njiani kwenda kwenye hizo fainali waliwapiga nani? Chiefs haohao! Januari 1992, 37-14. Januari 1994, 30-13. Enzi hizo ukimwambia mtu Chiefs ndio kiboko ya Bills kwenye mtoano angekucheka mpaka adondoke.

Tena kama laana ipo, basi Chiefs ndio waliokuwa na hati miliki yake. Walibeba Super Bowl Januari 1970, kisha wakasubiri miaka 50. Januari 1996 walifungwa nyumbani kwao 10-7 na Colts, mpigaji wao akakosa mateke matatu. Januari 2014 waliongoza 38-10 dhidi ya Colts, wakalala 45-44. Januari 2018 wakaongoza 21-3 nyumbani hadi mapumziko, Titans wakarudi wakawachapa 22-21. Leo nani anazungumzia laana ya Kansas City? Hakuna. Hawakwenda Bagamoyo kutafuta mganga. Mwaka 2013 walimchukua kocha Andy Reid, na mwaka 2017 wakamchagua Mahomes, basi.

Na hapa ndipo penye utamu. Mahomes alichaguliwa nafasi ya 10 kwenye drafti ya 2017. Ile nafasi ya 10 ilikuwa mali ya nani? Ya Bills! Bills waliiuza kwa Chiefs, wakapewa nafasi ya 27 na nyingine za baadaye. Mwaka uliofuata wakampata Allen, kwa hiyo sisemi walikuwa wajinga. Ninachosema ni kwamba mtu anayewatoa machozi kila Januari hakutumwa na mizimu. Waliiuza wenyewe tiketi yake, kwa mkataba, mchana kweupe.

Haya, tuje kwenye mechi zenyewe. Allen na Mahomes wamekutana mara 4 kwenye mtoano, na Chiefs wameshinda zote. Lakini kwenye msimu wa kawaida? Bills waliwapiga Chiefs miaka mitano mfululizo: 38-20 mwaka 2021, 24-20 mwaka 2022, 20-17 mwaka 2023, 30-21 mwaka 2024 na 28-21 mwaka 2025. Tatu za kwanza walishinda Kansas City kwenyewe, mbele ya ngoma na kelele zao. Laana gani hiyo inayolala Oktoba, Novemba na Desemba, halafu inaamka Januari? Ina kalenda?

Mechi ya kwanza, Januari 2021, Chiefs walishinda 38-24. Bills walifika karibu kabisa na mstari mara mbili, mara ya kwanza yadi 2 tu, wakaogopa, wakachagua teke la pointi 3. Ukicheza na Mahomes ukachukua tatu tatu wakati yeye anachukua saba saba, hiyo ni hesabu ya darasa la pili na jibu lake linajulikana.

Ya pili ndiyo ile ya Januari 2022. Wakongwe wa kukesha mnaijua kwa jina moja: sekunde 13. Allen anarusha, Gabriel Davis anadaka tachidauni yake ya nne, Bills 36, Chiefs 33. Zimebaki sekunde 13. Bills wanatakiwa kupiga mpira wa kuanzia. Wangeupiga chini chini udunde uwanjani, Chiefs wangelazimika kuuokota na saa ingekula sekunde kadhaa. Wakaupiga mrefu ukavuka mstari, saa haikusogea hata sekunde moja. Chiefs wana taimauti zao zote 3 mfukoni, maana yake hawana haja ya kukimbilia pembeni kusimamisha saa. Ulinzi wa Bills unafanya nini? Unalinda pembeni na nyuma kabisa, unaacha katikati wazi kama kiwanja cha shule wakati wa likizo. Tyreek Hill yadi 19. Travis Kelce yadi 25. Teke la yadi 49, ngoma droo 36-36. Muda wa nyongeza Chiefs wakashinda kurusha shilingi, wakaenda moja kwa moja kufunga, 42-36. Allen hakugusa mpira tena.

Niambieni, laana iko wapi hapo? Mimi naona maamuzi mawili: teke na mpangilio wa ulinzi. Yote yalifanywa na watu wazima wenye vipaza sauti masikioni.

Ya tatu, Januari 2024, safari hii Buffalo kwenyewe. Chiefs 27, Bills 24. Tyler Bass alikosa teke la yadi 44 la kusawazisha, likatoka kulia, ikiwa imebaki dakika 1 na sekunde 43. Oooh, laana ya Norwood imerudi! Ngoja kwanza. Kabla ya hapo kwenye robo hiyohiyo ya nne, Bills wakiwa kwenye yadi 30 zao wenyewe walijaribu ujanja kwenye jaribio la nne, wakajifanya wanaupiga mpira mbali kumbe wanakimbia nao. Wakanaswa. Chiefs wakapewa mpira mlangoni. Halafu nini kikatokea? Mecole Hardman wa Chiefs akauachia mpira ukatokea nyuma ya mstari, Bills wakaupata bure! Yaani bahati iliwafuata mpaka nyumbani, ikagonga hodi, na bado wakafungwa. Aliyerogwa haokoti zawadi kama hiyo.

Ya nne, Januari 2025, Chiefs 32-29, na hapa ndipo watu wa mbeleko wanaposimama juu ya meza. Robo ya nne, Bills wanaongoza 22-21, jaribio la nne, yadi 1 tu. Allen anajisukuma katikati. Mwamuzi wa upande mmoja anaona amefika, wa upande mwingine anaona bado. Wakaamua bado. Mimi nilipoangalia picha nilidhani amefika, sitaficha. Lakini baada ya hapo kulikuwa na karibu robo nzima ya kucheza, na Bills walisawazisha 29-29. Marefa hawakuwafunga. Waliofunga ni Chiefs, teke la yadi 35.

Na kuna jambo watu wa mbeleko hawapendi kulisikia. Ule mchezo wa Allen kujisukuma katikati Bills walikuwa wameutumia tena na tena siku ile, na Chiefs walikuwa wameshauzima tena na tena kabla ya ule wa utata. Ukirudia desa lilelile kila mtihani, siku mwalimu akibadilisha swali utalaumu msahihishaji? Juu ya hapo walijaribu pointi 2 mara mbili, wakakwama zote. Mechi waliyopoteza kwa pointi 3!

Mtu atasema Chiefs ni maalumu kwao, ni jini lao. Sawa. Januari 2026 Chiefs hawakuwepo kabisa kwenye mtoano. Bills walikwenda Denver wakafungwa 33-30 katika muda wa nyongeza, Allen mwenyewe akipoteza mpira mara 4. Baada ya hapo kocha Sean McDermott akafukuzwa kazi. Ukipoteza mpira mara nne utafungwa hata na timu ya kitivo chetu.

Sasa kwa nini nachemka kiasi hiki kuhusu timu isiyojua hata kama nipo duniani? Kwa sababu neno laana lina tabia mbaya. Huwa haliishii hewani, linatafuta mchawi. Na sisi tunajua vizuri, maana kwenye soka letu hapa nyumbani tumeshaipa hiyo biashara jina la heshima, "kamati ya ufundi". Mchawi akitafutwa hapatikani kwenye meza ya wakubwa. Anapatikana kwenye mtu mdogo aliyesimama peke yake mwisho wa mstari. Januari 2024 aliyebebeshwa zigo ni Bass, kijana wa teke moja. Alitukanwa mtandaoni mpaka akazima akaunti yake. Aliyeamua ule ujanja wa yadi 30 hakutukanwa hivyo. Ndio kazi ya laana hiyo, inamhamisha mwenye kosa.

Watu wa Buffalo wenyewe wana akili kuliko sisi wachambuzi wa usiku wa manane. Mwaka 1991, timu iliporudi kutoka kwenye ile fainali, maelfu walijaa katikati ya mji wakaliita jina la Norwood kwa mapenzi. Na mwaka 2024 mashabiki walimchangia Bass kwa kutuma pesa kwenye kituo cha kuokoa paka alichokuwa akikisaidia. Hao walijua kwamba teke moja halibebi mechi nzima.

Halafu kuna pesa. Uwanja mpya wa Bills uliingiziwa dola milioni 850 za umma kwa makubaliano ya mwaka 2022: milioni 600 za jimbo la New York na milioni 250 za kaunti ya Erie. Juu ya hapo mashabiki wanaotaka kiti cha msimu waliambiwa walipe kwanza ada ya kupata haki tu ya kukinunua kile kiti. Buffalo sio mji wa matajiri. Watu waliolipa hivyo wana haki ya kuuliza, "Kwa nini mliacha katikati wazi zikiwa zimebaki sekunde 13?" Ukiwajibu "laana" umewaibia mara ya pili.

Basi, tuache kulalamika, tuingie kwenye kipute chenyewe. Wakikutana tena kwenye mtoano, Allen na Mahomes wote wakiwa wazima (Mahomes aliumia goti vibaya Desemba 2025), haya ndiyo ya kuangalia.

La kwanza, watu wanne wa mbele wa Bills. Chiefs waliwatoa Bills Januari 2021 na Januari 2025, halafu miaka yote miwili wakaenda kubamizwa kwenye fainali: 31-9 na Tampa Bay, 40-22 na Philadelphia. Dawa ilikuwa moja. Wale Eagles wa Februari 2025 hawakutuma mtu wa ziada kumvamia Mahomes hata mara moja, wakamwangusha mara 6 kwa wale wanne tu, huku wengine saba wamebaki nyuma wanalinda. Ukimtumia watano au sita anacheka, anaona aliyeachwa wazi. Kama wanne wa Bills hawamfikii kwenye robo ya kwanza, nenda kalale, asubuhi una kipindi.

La pili, jaribio la nne na yadi 1. Mwaka 2021 waliogopa, mwaka 2025 walithubutu lakini wakatabirika. Natafuta jambo la tatu: wathubutu, halafu wafanye kisichotarajiwa. Wakijisukuma katikati mara ya tatu kwa mtindo uleule mimi nazima runinga. Na msitegemee kamera ziwaokoe. Ligi ilianza kupima yadi kwa kamera msimu wa 2025, lakini anayeuweka mpira chini kabla ya kupimwa alibaki kuwa refa.

La tatu, taimauti za Chiefs. Wakiwa nazo mbili au tatu mwishoni, katikati ya uwanja ndio mlango wao. Walinde katikati! Nimeandika kwa herufi ndogo lakini someni kama ninapiga kelele.

La nne, shilingi. Wengi hapa bado mnaamini atakayeshinda shilingi kwenye muda wa nyongeza ameshinda mechi. Hiyo sheria ilikufa Machi 2022. Na kwa taarifa yenu, Chiefs wenyewe waliomba ibadilishwe mwaka 2019, baada ya Patriots kuwatoa 37-31 Mahomes akiwa hajagusa mpira. Ombi likakwama. Miaka mitatu baadaye sheria ileile ikawanufaisha dhidi ya Bills. Mbeleko gani hiyo inayombeba mtu aliyeomba ichanwe?

Sasa kwenye mtoano kila timu lazima iguse mpira, kwa hiyo anayeshinda shilingi ni afadhali amwachie mwenzake aanze, ili yeye aje akijua anadaiwa pointi ngapi. San Francisco walianza wao kwenye Super Bowl ya Februari 2024, wakapata 3, Chiefs wakaja wakafunga tachidauni, 25-22. Baadaye baadhi ya wachezaji wa San Francisco walisema hawakuijua hiyo sheria mpya. Fainali! Ni kama kuingia UE bila kusoma maelekezo, halafu ukipata sup unasema umerogwa.

Utabiri? Siwezi kuchonga kurasa zote hizi halafu nikimbie. Wakikutana Buffalo, Bills 27, Chiefs 24, matokeo yaleyale ya 2024 yakiwa yamegeuzwa. Wakikutana Kansas City, Chiefs kwa pointi 3, mpaka Bills watakaponionyesha wameijifunza ile yadi 1. Nikikosea mniambie ni uamuzi gani sikuuona, ni dakika ya ngapi, ni jaribio la ngapi.

Na atakayekuja kubisha, mwenye laana, mwenye mbeleko, mwenye jini, karibu sana, kijiwe ni cha wote. Ila aje na dakika yake mkononi. Asiyekuwa na dakika akanunue chipsi, na mimi aniletee yai moja juu.

Tupo pamoja.